Miche Ambayo Sikuipanda

Siku Baraza la Ardhi liliposimamisha kesi yetu nilirudi nyumbani Zinga, sikuvua hata viatu, nikamwita mdogo wangu wa kiume nikamwambia kuanzia leo hakuna mtu kugusa nazi shambani.

“Hata iliyoanguka yenyewe?”

“Hata iliyoanguka.”

“Na ikiniangukia kichwani?”

“Utazikwa, lakini haitaokotwa.”

Alicheka. Mimi sikucheka. Mdogo wetu wa mwisho, wa kike, alikuwa anakuna nazi uani. Aliinua macho, kisha akaitazama ile nazi mkononi mwake kama mtu anayeaga.

Sisi tuko watatu. Baba alikufa nikiwa darasa la saba, mama akamfuata nikiwa kidato cha pili. Nilivua sare, nikampa mdogo wangu madaftari ambayo hayajaandikwa, na tangu hapo shamba la minazi ndilo lililotulisha. Lipo upande wa Mlingotini, mwendo wa kutosha kutoka barabara kuu, mahali ambapo zamani hapakuwa na mtu aliyepataka. Mimi nauza vitumbua asubuhi kando ya barabara, mdogo wangu anaendesha bodaboda, na huyu wa mwisho tumeapa kwamba shule ataimaliza. Bila shamba, kiapo hicho kingekuwa maneno tu.

Baba mdogo, ndugu pekee wa baba, ndiye aliyekuwa mkwezi wetu. Alikuwa akipanda mnazi huku anaongea, hakati hata sentensi, akifika juu anaimalizia kwa sauti kubwa zaidi. Baadaye magoti yalimchoka. Akawa dalali wa viwanja, kama wazee wengi wa pande zetu tangu watu wa mjini waanze kuutaka upepo wa bahari. Siku moja nikaenda shambani nikakuta nguzo fupi za zege zimesimikwa katikati ya minazi, zimepakwa chokaa vichwani. Nusu ya shamba ilikuwa imeuzwa kwa mtu wa Dar es Salaam, na muuzaji alikuwa yeye.

Nilimfuata kwake.

“Shikamoo baba mdogo.”

“Marahaba mwanangu. Kaa.”

“Sikai. Umeuza shamba la baba.”

“Minazi ni ya baba yako,” alisema polepole, kama anayemfundisha mtoto alifu. “Ardhi ni ya baba yetu sisi. Babu yako ndiye aliyefyeka pale, baba yako akaja akapanda. Mnazi ni mnazi, ardhi ni ardhi. Kawaulize wazee.”

Pwani hilo si neno la kubuni. Mtu anaweza kuwa na minazi yake juu ya ardhi ya mwenziwe, akavuna maisha yake yote, na akifa watoto wake wakarithi minazi bila kurithi hata shubiri ya udongo. Ndiyo maana lilinitisha. Lilikuwa neno linaloweza kuaminika.

Nilikwenda Mahakama ya Mwanzo, wakaniteua msimamizi wa mirathi ya baba. Kwa karatasi hiyo nikafungua kesi katika Baraza la Ardhi dhidi ya baba mdogo na mnunuzi. Haikupita muda baba mdogo naye akapeleka pingamizi Mahakama ya Mwanzo, akisema shamba lile lisiwemo katika mirathi kwa kuwa halikuwa mali ya marehemu. Hapo ndipo wakili wa mnunuzi aliposimama barazani kuomba kesi ya ardhi isimame kwanza.

Mwenyekiti alikubali. Alinieleza mwenyewe, kwa upole ambao sikuutarajia. “Kule wanaamua kama shamba lilikuwa la baba yako au la babu yako. Hapa unataka tuamue kama aliyeuza alikuwa na haki ya kuuza. Hili linategemea lile. Tukienda wote pamoja, kule wakasema hivi na sisi tukasema vile, wewe utakwenda shambani na karatasi ipi? Kesi yako haijafutwa, mama. Inangoja. Na wakati inangoja, hali ya shamba ibaki kama ilivyo. Asijenge mtu, asipande, asikate, asiuze.”

Nilitaka kuuliza: na nazi je? Mkono wangu ulikuwa umekwisha kuinuka nusu. Wakili akageuka, akanitazama, akasema, “Na mwombaji akigusa chochote, mheshimiwa, tutarudi hapa siku hiyohiyo.” Mkono ukarudi mapajani. Aliyeacha shule mapema hujifunza kuficha maswali, maana kila swali linaonyesha darasa alilokomea. Swali la nusu dakika sikuliuliza, na kwa sababu hiyo nazi zetu zikakaa bila kuvunwa karibu mwaka mzima.

Kungoja si kazi yangu. Mimi ni mtu wa kuamka nikaloweka mchele, nikasaga, nikaumua, nikachoma, nikauza, nikaosha vyungu. Kungoja hakuna mahali pa kuweka mikono. Kila wiki nilikwenda mjini Bagamoyo kumwuliza karani wa Mahakama ya Mwanzo kama pingamizi limepangiwa siku. Mara hakimu yuko likizo, mara jalada limeitwa wilayani, mara baba mdogo ameleta cheti cha hospitali. Karani alifika mahali akawa ananijibu kabla sijasalimia: “Bado, dada. Bado.”

Kutoka mjini sikwenda nyumbani moja kwa moja, nilipitia shambani. Nazi zilizokomaa hazingoji hukumu. Nilikuwa nasimama chini ya minazi nikisikia moja inaachia, kimya kidogo, kisha puu, na moyo wangu unaruka kama nimeibiwa. Sikuiokota. Niliizunguka. Nikazoea kutembea humo huku nachagua pa kukanyaga, kama mtu aliyeingia chumba cha wenyewe.

Na vitumbua vinataka tui. Nikaanza kununua nazi dukani. Mwenye duka, mama jirani yetu wa miaka mingi, alishika kiuno kwa kicheko siku ya kwanza.

“Jamani njooni mwone! Mwenye shamba ananunua nazi! Kiama kimekaribia, nendeni mkatawadhe.”

“Nipimie nazi zangu, shoga.”

“Hazipimwi, zinachaguliwa. Umesahau hata hilo?”

Nilichagua tatu. Zilikuwa ndogo, na sikuwa na hakika kwamba hazikutoka shambani kwangu.

Mdogo wangu alinikabili mara moja tu kwa ukali. Alikuwa amesimamisha pikipiki uani, kofia ngumu bado kichwani. “Dada, nazi hazijui kesi. Zinaoza.”

“Acha zioze.”

“Huyu mtoto anahitaji ada ya mitihani.”

“Nikiokota nazi moja na kesi ikafutwa, hataipata ada hiyo mwaka huu wala mwaka mwingine wowote. Unaelewa ninachochunga?”

“Naelewa,” alisema. “Ila unakichunga kama mtu anayelinda maiti.”

Aliwasha pikipiki akaondoka. Kwa siku tatu aliniita “mheshimiwa”.

Kisha masika yakanyesha. Mvua ilipokatika kidogo nilikwenda shambani nikakuta nazi zilizolala chini zimetoa pembe za kijani. Hapa moja, pale tatu kwa pamoja, nyingine imejibana kwenye shina la mama yake. Nilizitazama kwa furaha ya kijinga. Nilijiambia angalau hazikuoza. Sikumwona mtu aliyekuwa upande wa pili wa nguzo za zege mpaka alipoinua simu kupiga picha. Alipiga nyingi. Aliponiona alinisalimia vizuri, akaenda zake.

Wito ulikuja wiki iliyofuata. Wakili alikuwa amelipelekea Baraza malalamiko kwamba mwombaji, kinyume cha amri, amepanda minazi mipya katika eneo lenye mgogoro ili kujionyesha kuwa mmiliki, na kwa hiyo shauri lake lililosimamishwa lifutwe kabisa. Niliisoma karatasi ile mara mbili kwa sauti, mdogo wangu wa kike akanisomea mara ya tatu. Nilikuwa nimejinyima mwaka mzima nisiguse kitu, na sasa nashitakiwa kwa kupanda.

Mwenyekiti hakutaka kubishana na picha. Alisema atakuja kuona kwa macho.

Walifika asubuhi: mwenyekiti, karani wake, na wazee wawili wa baraza, wale ambao sheria inataka wakae naye kutoa maoni. Mmoja alikuwa mwanamume mkimya, mwingine mama wa makamo aliyejitanda kanga. Wakili alikuja na viatu visivyofaa kwa tope. Baba mdogo alikuja nyuma ya wote akijikongoja kwa fimbo. Nilikuwa nimechoma vitumbua tangu alfajiri, lakini mdogo wangu aliniwahi. “Usiwape. Ukiwapa kitumbua kimoja wataandika rushwa.” Ikawa mara ya kwanza wageni kufika kwetu wasipewe hata maji. Aibu ile nilikwenda nayo mpaka shambani.

Baba mdogo nilimwamkia mbele ya wote. Aliitikia. Kesi haikuwahi kutunyima salamu.

“Hii hapa, mheshimiwa,” wakili alisema, akinyoosha kalamu. “Miche. Inajieleza yenyewe.”

Yule mama wa baraza aliinama, akasogeza jani kwa kidole, akatazama kushoto na kulia. “Mbona haina mstari? Umepanda au umemwaga?”

“Sikupanda, mama. Zilianguka.”

“Zikaanguka zikaachwa?”

“Ndiyo.”

“Kwa nini?”

“Niliambiwa hali ibaki kama ilivyo.”

Mwenyekiti alivua miwani. “Nazi zote? Tangu siku ile?”

“Zote.”

“Hukuangua hata dafu la mgonjwa?”

“Hakuugua mtu.”

Yule mama alijifunika mdomo kwa kanga, mabega yakitikisika. Wakili hakucheka. Alisema hadithi ni nzuri lakini hadithi si ushahidi, na kwamba mtu mjanja anaweza kupanda ovyo makusudi ili ionekane zimeanguka. Moyo wangu ulikwenda chini, kwa sababu lilikuwa jambo linalowezekana, na mimi sikuwa na shahidi yeyote wa vitu ambavyo sikuvifanya.

Mama wa baraza alimgeukia baba mdogo. “Wewe mzee, nasikia ulikuwa mkwezi humu. Tuambie. Hii imepandwa, haikupandwa?”

Nadhani wote tulielewa wakati mmoja. Neno moja tu, imepandwa, na kesi yangu ingekwisha palepale. Wakili alimtazama kwa utulivu wa mtu anayelijua jibu. Baba mdogo aliutazama mche uliokuwa miguuni pake. Aliusukuma kwa ncha ya fimbo, na nazi ikabiringika nusu, ikaonyesha mizizi mifupi iliyoshika majani makavu na mchanga wa juu tu.

Alitoa sauti ya dharau puani. “Hii? Anayeita hii kupanda hajawahi kupanda hata mchicha.”

“Mzee,” wakili alianza.

“Ngoja, nimeulizwa mimi.” Aliinama kwa shida, akaichimbua ile nazi kwa mikono, akaiinua juu. “Mnazi wa kupandwa unakaa ndani ya shimo. Shimo la kufika gotini. Unatia chumvi, unatia majivu, ndipo unaulaza, unaufukia mpaka shingoni. Chumvi iko wapi hapa? Shimo liko wapi? Huyu mtoto hajui kupanda mnazi, hata angetaka. Aliyejua ni baba yake.” Alielekeza fimbo kwenye mistari ya minazi mirefu iliyonyooka nyuma yetu. “Ile yote mashimo yake alichimba kaka kwa mikono yake. Hapa palikuwa pori, nguruwe tupu. Tulifyeka wawili tu, yeye na mimi. Yeye anachimba, mimi nabeba chumvi kwenye kikapu, nimetoka jando juzijuzi, baba keshazikwa, kaka ndiye aliyekuwa ananipa kula. Leo mnaniambia hii imepandwa!”

Aliitupa nazi chini.

 Mimi nilikuwa nimeshika kanga yangu kwa mikono miwili. Palikuwa pori, walifyeka wawili, babu alikuwa amekwisha kuzikwa. Nilimtazama mwenyekiti, nikatazama kalamu ya karani. Kalamu haikwenda.

Wakili ndiye aliyewahi. “Mheshimiwa, tumekuja kuona miche. Hayo mengine hayamo katika jambo la leo.”

“Ni kweli,” mwenyekiti alisema. Aliniangalia wakati anasema, na nadhani lilimkera hata yeye. “Shauri la msingi limesimama. Siwezi kupokea ushahidi wa umiliki leo. Nimekuja kwa ajili ya miche, na nimeridhika kwamba haikupandwa. Malalamiko nayatupa.” Kisha akanigeukia. “Na wewe. Kuvuna mlichokuwa mnavuna siku zote si kubadili hali. Upande ambao mmekuwa mkiutunza, angueni nazi zenu. Miche iliyokwisha kushika mizizi iacheni, isiongezwe. Siku nyingine ukiwa na swali, uliza.”

“Ndiyo, mheshimiwa,” nilisema. Uso uliniwaka moto.

Kwa hiyo ukweli wote wa shamba letu ulisemwa kwa sauti, mchana kweupe, mbele ya watu wa sheria, na haukuandikwa popote. Usiku na mchana nilikuwa na jambo moja tu kichwani: Mahakama ya Mwanzo, pingamizi, baba mdogo atasema tena au hatasema? Mdogo wangu alisema atabadilisha maneno, wakili amekwisha kumpanga. Niliunguza vitumbua siku mbili mfululizo nikijifunza mbele ya moto swali nitakalomwuliza. Kila nilivyolipanga lilikuwa refu, lenye hasira nyingi. Mwishowe nikayaondoa maneno yote ya hasira, nikaona limebaki fupi.

Siku pingamizi liliposikilizwa hatimaye, baba mdogo aliapa kwa msahafu, akasema, bila kuniangalia, kwamba ardhi ilifyekwa na baba yao. Hakimu aliniuliza kama nina swali kwa shahidi. Safari hii niliinua mkono mpaka juu, ingawa sikuhitaji.

“Baba mdogo, siku iliyofyekwa shamba, wewe ulibeba nini?”

Aliigeuza fimbo mikononi. 

“Chumvi,” alisema.

“Nani alikupa?”

“Kaka.”

“Na babu alikuwa wapi?”

Alishusha macho kwenye msahafu uliokuwa mezani. Aliupitisha ulimi kwenye midomo. “Kaburini,” alisema, na hakimu akaandika, na nikaisikia kalamu. Kisha baba mdogo akaongeza, si kwa hakimu, kwangu: “Kaka alinilea. Wewe hujui.”

Nilikuwa najua. Humo ndani hakuna aliyejua kama mimi. Lakini hakimu alikuwa anangoja swali, na sikuwa na swali jingine.

Pingamizi lilitupwa. Nilichukua nakala ya uamuzi, nikaikunja ndani ya mfuko wa plastiki kwa sababu ya mvua, nikaipeleka Baraza la Ardhi siku hiyohiyo. Nilitaka kesi iamke palepale. Karani alisoma, akagonga muhuri, akanipa tarehe ya kutajwa. Kutajwa tu. Mnunuzi bado ana karatasi yake ya mauziano, nguzo bado zimesimama, na wakili wake amesema barazani kwamba mteja wake alinunua kwa nia njema. Bado kuna njia ndefu, ila sasa inatembeka.

Nyumbani tulimwita mkwezi kutoka kijiji cha jirani. Alipanda kimya, haongei. Nazi zilianguka asubuhi nzima na mdogo wangu alikuwa anaziokota kwa mbio kama anayehofia mtu atabadili mawazo. “Mheshimiwa,” aliniita, “hii nayo ruhusa?” Nilimrushia kumbi la nazi.

Tarehe ya kutajwa nilifika mapema, benchi la nje likiwa limejaa isipokuwa nafasi moja, kando ya baba mdogo. Yeye bado ni mjibu maombi, mimi bado ni mwombaji. Nilikaa.

“Shikamoo baba mdogo.”

“Marahaba.” Aliisogeza fimbo nipate pa kuweka miguu. Tulikaa hivyo tukitazama mlango. Baadaye akasema, “Nasikia mmeangua.”

“Tumeangua.”

“Ule mnazi wa mwisho, wa karibu na kisima. Usimpandishe mtu.”

“Una nini?”

“Umeoza kileleni. Huuoni kutoka chini. Mimi niliuona zamani, nikanyamaza.”

Nikasema nimesikia. Karani akatoka na jalada mkononi, akaita majina yetu, tukainuka wote wawili.